Mkimbiaji wa Kituo cha Pili

Jumanne, 16 Julai

Ukungu umetuharibia tena! Mechi ya besiboli ya zamu tisa imekatika kwenye zamu ya nane, tatu kwa tatu, sisi Corliss tunapiga, mwenzetu mmoja tu ametolewa. Refa kangoja, kangoja, mwisho kasema basi. Itamaliziwa siku Tobey watakaporudi kwetu. Hiyo ni Agosti, Jumapili ya mwisho ya msimu. Itaanzia pale pale ilipokatika, kila mtu arudi aliposimama.

Lakini Garrick! Kapiga! Mpaka kituo cha pili, nusu ya mzunguko! Mtoto wa watu tangu Juni anahangaika na vigongo vya mbao. Chuoni kwao wanatumia vya chuma, huku kwetu mbao zinamvunjikia mikononi, na mipira anayoipata inaishia miguuni pake. Leo mpira umeenda kugonga uzio wa kushoto. Nimepiga kelele hadi sauti imekauka. Ukungu umemkuta bado kasimama juu ya kituo, anacheka peke yake.

Nyumbani kala bakuli tatu za supu yangu ya sukuma na soseji. Kampigia simu mama yake Nebraska, kamsimulia pigo lile mara mbili. Lino, mwenzake wa chumba, yule mrushaji wangu wa Texas, anamtania eti akituchosha na hadithi hiyo atarudishwa ukunguni. Wamecheka mpaka nikawafukuza jikoni.

Kila kiangazi nachukua wachezaji wawili wakae kwangu, tangu mume wangu Manuel afariki. Wengine wananiambia nimezeeka, vijana wananimalizia chakula. Na wamalize.

Jumatano, 17 Julai

Garrick hakuamka.

Moyo, kasema daktari. Miaka ishirini! Moyo gani huo?

Siwezi.

Jumamosi, 20 Julai

Baba yake mdogo alikuja kumchukua. Mtu mkubwa, mikono ya shamba, kasimama kwenye ngazi zangu hajui aiweke wapi kofia. Mama yake hakuweza kusafiri.

Majirani wameniachia makaroni ya jibini kibarazani, bakuli juu ya bakuli. Nani ale? Lino hali. Amehamia kwenye kochi sebuleni. Sikumuuliza.

Jumatatu, 22 Julai

Naandika hili na nikilisoma kesho nitajiona mwendawazimu.

Garrick alikuwa na tabia. Akirudi uwanjani alisimama kwenye ngazi ya chini, akagonga viatu vyake vya meno, hiki halafu hiki, udongo udondoke. Nilimfundisha siku ya kwanza, maana sitaki matope ndani. Leo nimesikia. Niko naosha vyombo, jua linawaka, nikasikia kagonga. Nikaita, haya ingia, mlango uko wazi. Nikaita hivyo hivyo, kwa mazoea!

Nimetoka. Hakuna mtu. Ngazi safi.

Nimerudi ndani nikakaa. Halafu nikakasirika, sijui nimemkasirikia nani. Nikasema kwa sauti, Garrick, nimefagia sasa hivi, usinichezee. Ndipo machozi yakatoka.

Alhamisi, 25 Julai

Amepiga simu Verna, mama yake Garrick. Mara ya kwanza kuongea naye. Sauti ndogo, ya mtu aliyechoka kuitumia.

Kanishukuru kwa nguo nilizozifua na kuzikunja kabla ya kuzituma. Moyo umeniuma, laiti ningeziacha zilivyo, na harufu yake. Kasema kila siku anafungua ukurasa wa ligi kwenye kompyuta kuangalia hesabu za mwanawe. Pigo la vituo viwili hana hata moja. Kwa nini?

"Aliniambia ameupiga mpaka uzioni, Odete. Si aliupiga?"

Nimemwambia niliona kwa macho yangu haya. Kasema basi kwa nini halipo. Nimemwahidi nitauliza. Alikuwa akiuliza taratibu, kama mtu anayeogopa kuambiwa kwamba mwanawe alimdanganya usiku wake wa mwisho.

Ijumaa, 26 Julai

Nimekwenda kwa Pell dukani kwake, kwenye rangi na misumari. Yeye ndiye mwenyekiti wa ligi, mwaka wa ngapi sijui, hakuna mwingine anayeutaka uenyekiti.

Kanieleza kwa upole. Mechi haijaisha, kwa hiyo hesabu zake haziingizwi popote. Zitaingia ikimaliziwa. Nikasema vizuri, basi tusubiri Jumapili ile ya Agosti. Pell akaanza kufuta kaunta ambayo haikuwa na uchafu.

Kumbe wameshakubaliana! Yeye na makocha wote wawili. Hawataimalizia. Wataitangaza sare, watasimama kimya kidogo, watafunga utepe mweusi kwenye uzio. Kwa heshima ya marehemu.

Nikauliza, na pigo lake? Hapo ndipo nilipoijua kanuni. Mechi ya namna hiyo msimu ukiisha haijamaliziwa, inarudi nyuma mpaka zamu ya mwisho iliyokamilika. Ya saba. Vyote vya zamu ya nane vinafutwa. Kana kwamba hakuna aliyeshika kigongo.

"Pell," nimemwambia, "hiyo ndiyo heshima? Kumfutia mtoto kitu pekee alichokuja kukitafuta huku?"

Hakulifikiria hilo, nimemwona usoni. Wazee wazima watatu, wote wema, hakuna aliyelifikiria! Walikuwa wanawaza utepe.

Lakini naye ana lake. Kasema mechi lazima ianze pale ilipokatika, na pale ilipokatika kuna mkimbiaji kituo cha pili. Lazima mtu asimame mahali pake. Kanuni inataka awe mchezaji aliyekuwa benchi siku ile na hakuingia uwanjani. "Wapo wanne, Odete. Kocha amewauliza. Hakuna anayetaka kukanyaga pale."

Nimemwambia aniachie mimi. Nimetoka na kopo la rangi ambalo sikulihitaji.

Jumapili, 28 Julai

Nimewaita wale wanne kibarazani, nimewapa mkate mtamu wa mama yangu, ule wa Kireno wa mayai. Wamekula vizuri. Kukubali, hakuna.

Nilidhani nawajua wachezaji. Kumbe siwajui. Hawa watoto wa chuo, wanasoma uhandisi, mmoja anataka kuwa daktari wa meno, lakini mstari mweupe wa chokaa hawaukanyagi, wanauruka. Wakipata bahati hawavui soksi wiki nzima. Sasa uwaambie wakasimame mahali pa maiti? Mmoja kaniambia kwa adabu kabisa, kwake yeye Garrick bado yuko pale, na mahali pa mtu hapachukuliwi. Mwingine kasema akisimama pale, moyo wake mwenyewe utamsaliti. Anausikia usiku, eti.

Niliudhika nikataka kuwafokea. Nikashindwa. Mimi ninayesikia viatu kwenye ngazi nitamwambia nini mtu?

Na Lino? Naye ni mmoja wa wanne. Aliuvunjavunja mkate wake mpaka ukawa makombo, akaingia ndani.

Jumatano, 31 Julai

Viatu tena, mchana. Safari hii sikuwa peke yangu. Lino alikuwa mezani, kainua kichwa. Tumetazamana.

"Na wewe unasikia?" kaniuliza.

Nimekaa. Sikuweza kumdanganya. Nikamwambia karibu kila siku.

Kisha yakamtoka yote. Asubuhi ile walitakiwa wote wawili wakawafundishe watoto wadogo uwanjani, ndiyo kazi yao ya asubuhi hapa. Lino aliamka, akamwita. Kimya. Akamtupia soksi usoni. Soksi ikakaa pale pale, juu ya shavu. Akacheka, akamwita mvivu, akasema nakuacha, shauri yako. Akatoka zake.

Anaamini Garrick alikuwa bado hai. Daktari alisema hapana, alikufa usingizini masaa mengi kabla, nami nikamrudishia maneno ya daktari. Hayamwingii. Anasema soksi ile ilikuwa inamwambia na yeye hakuangalia. Hajamwambia mtu mwingine yeyote. Kaniomba Verna asijue.

Nimemshika kichwa kama mtoto mdogo. Ana mabega kama mlango, kijana huyu, na alijificha begani kwangu.

Baadaye, bila kuulizwa, kasema atasimama yeye.

Ijumaa, 2 Agosti

Pell kakubali. Kocha wa Tobey kakubali. Saa saba mchana Jumapili wataimalizia ile kwanza, halafu mechi ya siku hiyo. Nimempigia Verna. Kauliza saa ngapi, mara mbili. Halafu kasema anakuja.

Lino anafanya mazoezi ya kukimbia ufukweni. Mrushaji! Kazi yake kurusha mpira tu, hajakimbia vituo tangu sekondari.

Jumamosi, 3 Agosti

Verna amefika. Mwembamba, nywele kazifunga kwa mpira wa kufungia pesa za benki. Nilimtandikia chumba changu, kakataa, kataka kitanda cha Garrick. Nikasema sawa. Kapanda juu na viatu mkononi asichafue zulia.

Jioni alikaa na Lino kibarazani. Niliwasikia kidogo kupitia dirishani. Alitaka kujua kama mwanawe alikoroma. Lino kasema kama trekta, na Verna akacheka, haki ya Mungu alicheka. Kisha akamuuliza asubuhi ile ilikuwaje. Lino kasema hakumbuki vizuri. Kaondoka kwenda kunywa maji, hakurudi.

Utabiri wa hali ya hewa nimeusikiliza mara nne. Jua, wanasema. Nitawaamini vipi?

Jumapili, 4 Agosti

Naandika hapa uwanjani, kwenye kiti changu cha kukunja, daftari magotini. Nisipoandika nitapiga mtu.

Wamenidanganya. Asubuhi jua, saa sita jua. Wachezaji wakasimama kimya dakika moja, kofia kifuani. Halafu wa Tobey wakaenda kila mmoja mahali pake pa siku ile. Kisha Lino akatoka benchi. Kauruka mstari mweupe, kafika kituo cha pili, kakizunguka. Kakizunguka tena. Yule mchezaji wa Tobey, mlinzi wa kituo hicho, akasogea pembeni, akatazama chini. Ndipo Lino akaweka mguu.

Verna alikuwa kaushika mkono wangu, kucha zinaingia.

Refa kasema chezeni. Mpira wa kwanza nje. Wa pili, mpigaji wetu kaukosa. Na hapo nikaona miti ya ng'ambo imepungua. Nikajua. Ukungu ulikuja juu ya uzio wa kushoto, mweupe, polepole, ukameza ubao wa matokeo, ukamfikia Lino magotini.

Refa kasimamisha. Kafanya anavyotakiwa, simlaumu, mpira ukirushwa humo utaua mtu mwingine. Kanuni ni moja. Tunangoja. Ukiondoka tunaendelea. Usipoondoka leo, hakuna kesho, msimu umeisha. Zamu ya nane inafutwa, na safari hii kwa haki kabisa.

Wachezaji wote wamerudi benchi kungoja. Wote, isipokuwa Lino.

Kocha kamwita. Refa kamwita. Simwoni. Naona tu weupe na nyasi za karibu. Refa kapaza sauti, kijana, rudi, huruhusiwi kukaa humo, kituo hakitakimbia. Watu wakacheka kidogo, cheko la woga.

Sauti ikatoka mle ndani, si kubwa.

"Siondoki. Siku ile nilimwacha nikaenda zangu. Leo simwachi."

Hakuna aliyecheka tena.

Verna kanigeukia. Kaniuliza siku ipi. Nilitaka kusema sijui, nilimwahidi mtoto. Nikamtazama yule mama, nikaona anajua tayari kwamba kuna kitu. Nikamwambia. Asubuhi, soksi, alivyocheka, alivyotoka. Na kwamba tangu siku hiyo halali.

Hakulia. Alikaa akitazama mbele. Kasema, "Nami nilikuwa namtupia soksi. Kila siku ya shule."

Akasimama. Kafungua geti dogo la pembeni ya benchi, ambapo mtazamaji haruhusiwi kupita, kapita. Pell aliinuka kumzuia, akakaa tena. Refa alimwona anakuja, kafungua mdomo, kisha kavua kofia na kumpisha. Kauvuka mstari bila kuuruka. Koti lake la bluu nililiona mpaka katikati, halafu sikuliona.

Sasa tuko hivi. Mmoja wa Tobey, yule mlinzi aliyesogea pembeni, kachukua glavu yake benchi na kuingia ukunguni bila kuambiwa. Mwingine kamfuata. Mpigaji wetu ameshika kigongo, anamtazama refa.

Ukungu haujaondoka. Pell ana saa mkononi, yeye ndiye wa kutangaza kwamba basi, imefutwa, na bado hajatangaza.