Bibi, Kaa Chini

Shoga, nimeaibika!

Si unajua leo mjukuu wangu alikuwa anaimba ukumbini, mbele ya watu na yule bwana wa studio, aone kama anafaa kurekodiwa? Kauanza vizuri wimbo wangu wa kubembelezea watoto. Katikati nasikia, "Du-bi-du, ba-du-ba." Nikajua maneno yamempotea!

Nikasimama, nikamkumbusha kwa sauti: "Lala mwanangu, mama yu jikoni!"

Mtoto wala hakukatisha, akaniimbia: "Bibiii, kaa chini, sijasahau, hii ni jazi, du-bi-du!" Watu wakaitikia: "Bibi, kaa chini!" Shoga, ukumbi mzima!

Bwana wa studio kacheka mpaka machozi, kisha kamchukua. Anataka wimbo huohuo, na mwitikiaji niwe mimi.

Nimekubali, ila nitaitikia nimesimama.