Biriani Iliyofunikwa

Dada Tatu, shikamoo.

Nimefika Unguja salama, ila mpaka sasa nimepigwa na butwaa. Leo asubuhi mwenyeji wangu, Bi Raya, alinipeleka Ngome Kongwe pamoja na jirani yake Bi Asha, tukatazama filamu fupi ya katuni. Ndani yake wageni wamezunguka sinia la pilau. Wa kwanza anakataa kwa haya, na wengine wote wanamfuata kwa maneno yale yale. Wanakonda palepale mpaka wanakuwa kama njiti za kiberiti, na bado wanatabasamu. Bi Asha alicheka mpaka akafuta machozi kwa buibui.

Tuliporudi nyumbani, Bi Raya akafunua biriani ya kuku. Harufu yake, dada yangu, acha tu.

"Karibuni," akasema.

"Nshakula, Bi Raya," akajibu Bi Asha, ilhali tulikuwa naye tangu asubuhi na hakula kitu.

Wote wawili wakanitazama. Nilikuwa sijatia kitu kinywani tangu chai ya alfajiri, lakini nikajisikia nasema, "Na mie nshashiba." Hata ulimi wangu wa Morogoro ulinikimbia.

Bi Raya asingeweza kula peke yake mbele ya wageni, akaifunika biriani. Tukakaa pale watatu, tunatabasamu.

Nisalimie Mama, na Pili umbusu. Nikirudi mnipikie ugali na mlenda, na nikisema nimeshiba, msinisikilize.

Mdogo wako,
Salma