Kopo la Mseto

Mashamba ya Miwa, Morogoro
Jumapili, baada ya misa

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo mama. Nimeanza na shikamoo kwa sababu hata mtu akiwaka hasira, mama ni mama. Natumaini mgongo umepunguza kuuma na maharage mmeshayatoa shambani kabla ya mvua kuyaozesha. Huku tu wazima: mimi, mama yake Anitha, na huyu mdogo ambaye sasa anasimama kwa kushika ndoo.

Shuleni mwalimu alitufundisha kuandika kwamba dhumuni la barua hii ni kukujulia hali. Leo dhumuni si hilo. Nimekuandikia kwa sababu nimekukasirikia, na kwenye simu siwezi. Nikianza tu, unaniuliza, "Mwanangu, umekula?" na maneno yote niliyoyapanga yanapotea. Kwa hiyo nimeona niandike.

Sospeter, mdogo wangu, najua wewe ndiye utakayemsomea mama. Soma kama nilivyoandika. Ukifika mahali pa kumfafanulia kwa Kihangaza, usilainishe kitu. Barua analeta Jovin wa Mabawe, tunayepalilia naye miwa, amepata likizo. Mpeni chakula kabla hajaendelea na safari.

Mama, siku ile Sospeter aliponipigia ilikuwa asubuhi, tuko katikati ya mistari na majembe. Alisema, "Kaka, Anitha ameshikwa na degedege. Tuko kwenye pikipiki, namshikilia." Nikasikia upepo, nikasikia pikipiki ikipiga mashimo ya ile barabara yetu, halafu simu ikakatika. Ilikaa imekatika mpaka saa nane mchana. Najua mtandao wa kwetu, lakini siku hiyo nilijua kwamba mwanangu wa miaka sita amekufa na hakuna anayetaka kuniambia. Nilikaa chini kwenye majani ya miwa, na nyapara akaniona akapita.

Hakufa, tunamshukuru Mungu. Wamemchoma sindano, wamemwongezea damu, amelala wodini siku nane. Sasa Sospeter ananiambia amerudi nyumbani lakini anatembea kwa kushika ukuta, na mguu wa kushoto anauburuta. Juzi mliponipa niongee naye, aliuliza, "Huyo ni nani?" Nikasema ni baba. Akakurudishia simu. Wewe ukacheka ukasema mtoto bado ana usingizi. Mama, hakuwa na usingizi.

Sasa nataka tuzungumze juu ya kopo.

Unalijua kopo ninalosema. Lile la maziwa ya unga, lenye kifuniko cha bluu, linalokaa juu ya kabati pamoja na Biblia. Tangu nikiwa darasa la nne kopo hilo lipo. Mtu akiugua, tukipewa mseto kituo cha afya, anakunywa siku moja, siku moja na nusu, joto likishuka vinavyobaki vinaingia kwenye kopo. Ulikuwa unasema, "Huyu ameshapona, tumtunzie mgonjwa anayekuja." Na mgonjwa anayekuja alikuwa hakosekani. Jirani anagonga: "Mama Fidelis, nisaidie mseto kidogo, mtoto amelala na joto tangu jana." Unafungua kopo, unamhesabia viwili, vitatu. Yeye akipata vyake kituoni anarudisha, kama chumvi. Nakumbuka nilivyokuwa najivunia. Nyumba nyingine watu walienda kuazima ungo au shoka, kwetu walikuja kuazima uhai, ndivyo nilivyoona.

Na kila kilichoingia humo tulikiita mseto. Babu, Mungu amrehemu, kila kidonge kichungu kwake kilikuwa kwinini, hata cha minyoo. Sisi tukaja na mseto. Vile vidonge dada yetu Sabina aliletewa kutoka kliniki alipokuwa mjamzito, mseto. Vile vyeupe vya kutuliza maumivu vilivyotoka kwenye karatasi yao na hakuna aliyejua ni vya nini, mseto. Mtu akisema, "Nimemeza mseto," hakuna aliyemuuliza vidonge vingapi na kwa siku ngapi. Ilitosha kwamba amemeza. Hata kwenye mnada yule mwenye dawa kwenye meza anauza mseto nusu, na watu wanapanga foleni, na mimi nimewahi kupanga.

Nilikuja kujua maana ya neno hilo hapa, nikiwa mtu mzima wa miaka thelathini na moja, baba wa watoto wawili. Aliyenifundisha ni muuguzi wa zahanati yetu, mama mmoja mfupi anaitwa Tausi, hana subira hata kidogo. Nilikwenda kwake siku ya pili baada ya simu ya Sospeter, sikuwa naumwa, nilitaka tu mtu anieleze. Nikamwambia mtoto aliugua malaria Krismasi, akanywa mseto, akapona, na baada ya wiki tatu imemrudia mpaka degedege. Nikasema dawa za siku hizi feki.

Akaniuliza, "Alikunywa yote?"

Nikasema alikunywa mpaka akapona.

"Sijakuuliza kama alipona. Kwa uzito wake ni vidonge kumi na viwili, viwiliviwili, mara sita, siku tatu. Alikunywa vingapi?"

Nikasema sita.

Akavua miwani. "Baba Anitha, unajua kwa nini inaitwa mseto?"

Nikasema ndilo jina lake. Hapo akanitazama mpaka nikaona haya.

Nitakueleza alivyonieleza, na Sospeter hapa ueleze polepole. Mseto ni mchanganyiko. Watu wa pwani hata chakula wanakiita hivyo, wali na choroko kwenye sufuria moja. Na dawa ni hivyohivyo, kila kidonge kimoja kimebeba dawa mbili. Ya kwanza ina mbio. Inaingia leo, inawaangusha wadudu wengi kwa mara moja, joto linashuka, mtoto anaomba uji na kukimbiza kuku. Lakini haikai mwilini, saa chache tu imekwisha. Ya pili ni ya polepole. Inajikusanya dozi kwa dozi, na hiyo ndiyo inayobaki siku nyingi kuwamaliza waliosalia. Ukiacha katikati, umeifukuza ya pili kabla haijafika kazini. Tausi alisema ni kama kufyeka majani ya migombani ukaacha mizizi, shamba linapendeza kwa wiki mbili. Na alisema imezwe na kitu chenye mafuta, maziwa au karanga, ndipo hiyo ya pili inaingia vizuri.

Mama, tumelitamka jina hilo miaka yote. Jina lenyewe lilikuwa linatuambia ni dawa mbili na zote zina kazi. Kwa nini hakuna aliyetuambia? Pale kituoni kwetu wanaandika mbili mara mbili kwenye bahasha, wanasema, "Mmalize dozi, anayefuata." Nimewakasirikia na hao. Nimemkasirikia mwenye meza ya mnadani. Nimeikasirikia barabara ile. Lakini hao wote hawakulala na Anitha kitanda kimoja. Wewe ulilala naye.

Alipoanza tena kuchemka, ulifungua kopo. Sospeter amenieleza, usimgombeze, nilimlazimisha. Siku ya kwanza ulimpa viwili. Siku ya pili ulimpa kimoja kilichorudishwa na jirani Mama Zabloni na kimoja ambacho hata wewe hukukumbuka kilitoka wapi. Siku mbili nzima, mama. Kituo cha afya kipo, pikipiki zipo njia panda, na kipimo cha kidole ni cha dakika chache. Ulisema, "Mseto upo, ya nini kumsumbua mtoto na barabara?" Na siku ya tatu asubuhi macho yakageuka.

Mama yake Anitha hajui hili la siku mbili. Tangu siku ile ameacha kuimba akifua. Ananiambia jambo moja tu: nikamchukue mwanawe. Tulipomwacha kwako tulisema huko kuna shule karibu, kuna bibi, kuna maziwa, kuliko huku tunakoishi chumba kimoja. Yeye hakutaka. Mimi ndiye niliyesema, "Kwa mama yangu hakuna kitakachompata." Sasa kila nikimtazama najua anayakumbuka maneno hayo, ila hayasemi.

Nilikuwa nimekusudia kukuandikia kwamba nakuja Pasaka kumchukua Anitha, na kwamba hutamwona mpaka akue. Niliiandika barua hiyo. Ilikuwa kali kuliko hii. Nikafika mwisho, nikatafuta bahasha kwenye lile begi langu la safari, na humo nikakuta kitu ambacho kimenifanya niichane na kuanza upya.

Nakuomba unisikilize vizuri hapa, mama, maana hili sijamwambia mtu.

Tausi aliniuliza swali jingine siku ile. Aliniuliza, "Vile sita vilivyobaki vilikwenda wapi?" Nikamwambia sijui, labda kwenye kopo. Nilimdanganya. Havikuingia kwenye kopo. Unakumbuka nilipokuja Krismasi, asubuhi ile nilipoondoka? Anitha alikuwa siku ya pili ya dawa, anaruka kamba uani, amepona kabisa machoni petu. Ulinifungia karanga, ukanifungia unga wa muhogo, na ukachana karatasi kwenye daftari ukafunga vidonge sita. Ukasema, "Huko kwenye miwa kuna mbu wabaya, nenda na mseto wa mwanao, yeye ameshapona." Nikapokea kwa mikono miwili. Nikasema asante mama. Mimi, baba yake, nimesimama mlangoni namwona anavyoruka, na dawa yake nimeitia begini pamoja na karanga ambazo angeimeza nazo.

Na sikuwa na malaria hata kidogo. Nilipofika huku mwili uliuma kwa sababu ya siku mbili za basi. Nikameza vinne kwa pamoja, kesho yake viwili. Nikasema mseto wa mama unafanya kazi.

Kwa hiyo hasira yangu sasa sijui niipeleke wapi. Ile juu yako bado ipo, sitakudanganya, nimekukasirikia na nitakukasirikia siku nyingi. Lakini nikiandika "ulimpunguzia mtoto dawa," najua ulimpunguzia ili unipe mimi, na mimi niliipokea. Nikimaliza barua hii nitamwambia mama yake Anitha yote, la siku mbili na la vidonge sita. Naogopa kuliko nilivyowahi kuogopa kitu. Kama atanifungia mlango atakuwa na haki.

Kumchukua Anitha tutaamua yeye na mimi, nikishasema. Lakini leo, barua ikiisha kusomwa, fanya haya. Kila kilichomo kwenye kopo mpe Sospeter apeleke kituo cha afya wakiteketeze. Usimwachie mtu hata kimoja. Mtoto akichemka, mtoto yeyote, ni pikipiki na kipimo, siku hiyohiyo. Akipewa dawa, ni yake hadi kidonge cha mwisho, hata awe anaruka kamba. Na umpeleke Anitha mazoezi ya mguu hospitali kila wanapomwita, nauli nitatuma.

Nisalimie baba mdogo katekista, mwambie akitangaza matangazo kanisani atangaze na hili la kumaliza dozi, watu wanamsikiliza. Nisalimie shangazi Veronika na Sabina na mtoto wake mchanga. Jirani Mama Zabloni naye msalimie sana, sina ugomvi naye, ila akija kuazima mwambie hakuna. Anitha mwambie huyo wa kwenye simu alikuwa baba, na atapiga tena kila Jumapili mpaka amzoee.

Kile nilichokikuta begini ni ile karatasi. Nilikuwa sijaitupa. Siku ile hatukuangalia, mama, wala wewe wala mimi, ni karatasi ya daftari lake la darasa la kwanza. Ameandika kwa penseli, mara tano, mstari wa mwisho umepanda juu: baba ana jembe, baba ana jembe. Mikunjo ya vidonge bado inaonekana. Nimeiweka ndani ya barua hii. Kopo ukishaliosha iweke humo, na mtu akija kuazima mseto, mfungulie aione.

Ni mimi mwanao,
Fidelis