Biskuti za Kuokwa Mara Mbili

Kwa dada yangu Mwanajuma, huko Pangani,

Shikamoo, dada. Goti la Mama limepoa, au bado anamlaani yule mbuzi aliyemwangusha? Mimi mzima, nimenenepa, ila vumbi la Dodoma limenifanya rangi ya tofali. Mwalimu anayekusomea mwambie apaze sauti ninapojisifu. Pale atakapokuta maneno ya Feruzi, mpishi mkubwa wa hapa, ashushe sauti, Mama asisikie.

Basi apaze! Ile mikate mikavu ya wasafiri uliyonifundisha, nimeigeuza biskuti za Kizungu. Bibi wa hapa, mke wa bwana wa reli, alitaka za lozi kama za kwao. Nikazioka, nikaonja, nikamwambia, "Bibi, hizi bado zimelala." Nikachemsha kahawa mpaka ikawa nzito, nikakandia unga pamoja na mayai, sukari na lozi. Unaviringisha kama gogo, unaoka, unakata vipande vya mshazari vingali moto, unavirudisha tanurini mpaka ukivigonga vilie ko! ko! Bibi alitafuna akafumba macho. Mikate yako, dada, kando ya biskuti zangu ni kokoto.

Lakini tangu mwezi huu uandame, Bibi hatafuni tena. "Oka nyingine," ananiambia, macho yake dirishani. Zinatiwa kwenye madebe, madebe yanafungwa, askari wanayachukua. Stesheni kuna lundo la kamba mpya na hakuna mzigo wa kufunga.

Mama Nyemo, Mgogo anayetuletea maziwa kutoka Miyuji, juzi kaja na kibuyu nusu.

"Askari wamepita zizini," akasema.

"Wamechukua ng'ombe wangapi?"

"Niulize wamebakiza nini." Akanusa tanuri langu. "Nyinyi mnaoka cha kwenda nacho. Sisi tunafukia mtama chini ya samadi, cha kubaki nacho. Haya, mwanangu, nani anakwenda?"

"Labda mimi, nikaoe kwa mfalme wa Wazungu huko Ulaya!"

Hakucheka. Naye huwa anacheka hata nikipiga chafya.

Feruzi, ambaye zamani aliwapikia askari kwenye vita vya kusini, akanivuta nyuma ya jiko. "Mdomo wako utakuuza. Mgeni akisifu biskuti, sema kaoka Bibi. Mimi walinisifia wali."

"Ikawaje?"

"Tulikwenda wapishi wengi. Nikarudi napika peke yangu."

Jana mkubwa wa askari akaja kula chakula cha mchana. Akachukua biskuti, akachukua tena. "Nani kaoka?"

Feruzi akakohoa. Bibi akafungua mdomo, nadhani alitaka kusema ni yeye. Dada, unanijua.

"Mimi, Bwana!"

"Zinakaa siku ngapi bila kuharibika?"

"Siku, Bwana? Sema miezi! Zibebwe juani, zibebwe porini kusiko na kisima, utazikuta vilevile."

Akacheka, akanipiga bega. "Vizuri. Utakuja nami."

Wapi, hakusema. Bibi akawa anatazama sahani. Feruzi akatoka kupasua kuni, na kuni zimejaa mpaka mlangoni.

Tunaondoka kesho. Feruzi kanipa koti lake, mikono yake inanimeza kama kanzu ya Babu. Nikamwambia nitampa mtu amrudishie. Akasema, "Usimpe mtu. Lilete mwenyewe."

Mwambie Mama nimepandishwa cheo, napikia wakubwa, si uongo. Msalimu Babu mwenye kanzu, na mdogo wetu mkorofi, asiguse nyavu zangu za ndege. Shangazi mwambie bado sijaoa, wanawake wa huku wana bahati mbaya.

Kopo hili la biskuti analileta mfanyabiashara wa Kondoa anayeshuka pwani. Kuleni, mseme kweli nani fundi. Lakini moja iweke, dada, uifunge kwenye kitambaa, mdogo wetu asiione. Nimemwapia mkubwa wa askari kwamba zinakaa miezi. Ikiota ukungu kabla sijafika, nitakuwa mwongo, na unicheke mpaka mtaa wote usikie. Usiitupe tu. Nitaila hivyohivyo.

Ni mimi mdogo wako, fundi wa biskuti,
Juma