Siku Monsieur Armand Alipoigiza Mara ya Mwisho

Bruxelles, Jumapili mchana

Papa wangu mpendwa,

Habari za hapo Bukavu? Mguu umepona, unaweza kupanda mpaka kanisani bila fimbo? Mimi mwili ni muzima, moyo ndio unaniuma. Tangu Maman azikwe bila mimi, kwa sababu makaratasi yangu ya kukaa huku hayajatoka, nilikuwa naanza kukuandikia halafu nachana. Leo sichani.

Bado niko kwenye ile nyumba ya wazee, huko Berchem. Ninawaogesha, ninawalisha, ninabadilisha mashuka. Jumamosi nashuka Matonge, mtaa wa watu wetu, kusukwa nywele; hapo ndipo nasikia Kiswahili. Siku zingine naongea peke yangu nikipika.

Bon, nikuambie habari ya mzee wangu mmoja, Monsieur Armand. Ni Mfaransa, ameigiza filamu tangu ujana wake. Usifikiri alikuwa staa. Alianza kwa kubeba viti vya jukwaani. Siku moja mwigizaji akaugua, wakamvalisha yeye nguo zake. Toka hapo akawa polisi, padri, dereva, muuza pombe.

«Nimekufa mara nyingi kuliko watu wote wa nyumba hii,» ananiambia. «Kwa risasi, kwa sumu, na mara moja kwa kuangukiwa na kabati.»

Alimfuata mkewe hapa Bruxelles, mke akafariki. Binti yao yuko Canada. Siku binti alipoolewa, baba alikuwa mbali kwenye filamu, amelala ndani ya jeneza la kuigiza. Toka siku hiyo binti hapigi simu.

Mwezi uliopita mwongozaji wa filamu alitoka Paris kumwomba sehemu ndogo: mzee anamngoja binti yake kituoni. Monsieur Armand alikubali kabla hajasikia yote. Lakini siku hizi, Papa, anasahau hata kama amekula. Donc kila mchana, baada ya supu, nilikaa mbele yake nikisoma maneno ya binti, naye akijibu ya mzee.

«Umechelewa,» anasema. «Lakini sikuondoka.»

Mara ya kwanza nilishindwa kuendelea. Yeye alidhani sijui kusoma vizuri.

Siku yenyewe nikampeleka kituo cha treni cha Gare du Midi. Taa, nyaya, watu tele. Mwigizaji wa kike akaja na sanduku lake, akasema maneno yake. Monsieur Armand akamtazama tu, maneno yamempotea. Wakarudia. Vile vile. Mara ya nne nikasikia wawili wakinong'ona kwamba atafutwe mzee mwingine. Na yeye alisikia. Akawa ananitafuta kwa macho kati ya watu.

Nikamwendea mwongozaji, mimi na koti langu la kazi. «Monsieur, mzee hamjui huyu dada. Anayemjua ni mimi. Niache nisimame karibu na kamera.»

Akaniangalia kwanza. «Alors, simama pale.»

Dada akasema maneno yake. Monsieur Armand akanitazama juu ya bega la dada, akasema yote, polepole, na machozi ambayo hakuna aliyemwomba. Wakazima kamera. Kisha wakapiga makofi mpaka abiria wakageuka kuangalia.

Kwenye tram akaniuliza: «Na wewe, baba yako yuko wapi?»

«Zaire. Bukavu.»

«Unamwandikia?»

Nikamfunga skafu vizuri. Akasinzia begani mwangu. Maman mmoja aliyekaa mbele yetu akauliza: «Ni baba yako?» Nikasema ndiyo. Unisamehe, Papa. Kwa vituo vile vichache nilitaka kuwa mtoto wa muntu.

Kesho yake tulimwandikia binti, yeye akisema, mimi nikiandika. Hajajibu. Kila asubuhi Monsieur Armand anaomba nimvalishe tai kabla posta haijafika.

Barua hii inaletwa na mwanafunzi anayerudi likizo, mpe chai. Nisalimie kaka mkubwa na mke wake, nisalimie tante, dada yako, na ile kwaya yake yote. Yule jirani aliyemwosha Maman na kumvalisha, mshike mikono yote miwili kwa niaba yangu. Na wewe uniandikie alivaa kitenge gani, na amelazwa upande gani wa makaburi, ili nikifumba macho nijue pa kutazama.

Mutoto wako, aliye mbali lakini ni wako,

Furaha