Ng'ombe Uliyemtuma kwa Wegesa

Muniko mjukuu wangu, mume wangu,

Elieth wa jirani ananiandikia, nami nimemkataza kulainisha maneno. Mahindi yamekauka, mbuzi mweupe kazaa pacha, goti langu ni lilelile.

Ng'ombe wako alifika, mnene kweli. Nikamswaga mwenyewe hadi kwa Wegesa, mama yake marehemu Gesabo. Hakufungua zizi. Akaniuliza, "Huyu ndiye aliyekuwa ameshika bendera relini?"

Nikamrudisha ng'ombe wako nyumbani. Wewe ndiye uliyewekwa kuwaonya wenzako wa kazi ya reli treni ya kokoto ikija, ukaenda kunywa gongo, mwanawe akasagwa. Tangu hapo mji wetu na wake hatuli pamoja wala hatuombani moto. Wazee wamesema uhasama huu hautakwisha mpaka wewe na Wegesa mle sahani moja. Sasa unatuma ng'ombe akale kwa niaba yako, mjinga wewe?

Nasikia umeacha pombe, unashinda kanisani huko Isaka. Vizuri. Lakini Mungu siye aliyemzaa Gesabo.

Wegesa amekubali kusonga ugali kwa mkono wake. Wanawe wananoa mapanga, sikufichi. Huenda wakakuacha ule, huenda wasikuache. Njoo hivyohivyo. Tutaingia uani kwake mimi nikiwa mbele, wewe umeshika kanga yangu. Anayetaka kukukata aanze na kizee hiki.

Mimi niliyekubeba kwa mgongo huu,
Bibi Nyangi, Matongo