Mbunge Aliyekunywa Kahawa Yote ya Bi Zuwena

…na hilo la Baba kusema kwamba hawajui watu wa Idrisa, Mama, ndilo lililonifanya nishike kalamu badala ya kukupigia, maana simuni ningecheka na kulia vyote pamoja.

Shikamoo Mama. Mgongo umepoa? Baba bado amenuna? Mimi mzima, mashavu yamejaa. Mume wangu Idrisa hatoki chuoni anakofundisha bila kuniletea kitu. Jana kaleta komamanga moja tu, eti limefanana na mimi. Nampenda mpaka naona haya kuandika!

Basi sikia. Mama yake amekuja. Hajia, yule mbunge wa kaskazini mwa Ghana ambaye Baba alimcheka, "Mwanasiasa atatufaa nini?" Bunge lao liko mapumzikoni, akapanda ndege kuja huku Ibra, Omani, kumwona mkwewe. Nilidhani atashuka na walinzi. Kashuka na begi moja na viatu vilivyolika visigino.

Mjomba na mkewe Bi Zuwena wakatualika. Desturi ya huku, mwenyeji hukumiminia kahawa mpaka utikise finjani, ndipo ajue umetosheka. Mimi kwa furaha zangu nikasahau kumwambia Hajia. Wanaume walikuwa msikitini. Akanywa ya kwanza, ya tano, ya tisa. Bi Zuwena anamimina tu.

"Mwanangu," akaninong'oneza, "mkweo ana kiu ya wapi? Dele zima la kahawa limekwisha, la pili hili!"

"Labda ameipenda, Bi Zuwena."

"Ameipenda! Mtazame mikono inavyotetemeka. Mwambie atikise finjani, khalas, yatosha, asije akatufia!"

Nilipomwambia, Hajia alicheka mpaka mtandio ukamwanguka. Akatusimulia, nami, kwa Kiingereza changu cha sekondari, nikamtafsiria Bi Zuwena kwa Kiswahili. Hajia alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, mjane mwenye watoto wanne, alipogombea mara ya kwanza. Akaingia kwa mzee mmoja, akapewa maji kwenye kibuyu kama desturi yao kwa mgeni, akasema ana haraka. Ukoo mzima ukampa kura mpinzani wake. Mara ya pili akashindwa tena. Ya tatu akazunguka nyumba kwa nyumba kwa baiskeli, akanywa kila alichopewa, akashinda. Akapigania wodi ya wazazi mpaka ikajengwa, na uchaguzi uliofuata wakamwangusha! Hakununa, Mama. Alirudi kushika chaki darasa lile lile, hadi wenyewe wakamrudisha bungeni.

"Tangu kibuyu kile," akasema, "sijakataa kikombe cha mtu."

Moyo ukanilegea. Nikamwambia nililomficha, kwamba Baba alimpa Mjomba uwakili wa kuniozesha kwa shingo upande, na mpaka leo hajasema na Idrisa hata neno. Nilidhani atakasirika. Akaweka finjani chini.

"Baba yako ana haki. Tumeoa binti yake na sijakanyaga mlangoni kwake. Kwetu wazazi wa bibi harusi hupelekewa kola, zile kokwa chungu, wakatafuna na majirani, ndipo ndoa ikajulikana. Yeye kapata nini?"

"Nimpigie simu uzungumze naye?"

"Kura haiombwi kwa simu, mwanangu."

Idrisa anaingia tu, akaulizwa na mama yake, "Tabora kwa wakweo ni mbali?"

"Mbali, Mama. Ndege, halafu treni."

"Kata tiketi."

Hivyo tu! Bi Zuwena akapiga kigelegele, nami nikamkumbatia mume wangu mbele za watu.

Nisalimie bibi na dua zake. Dada mkubwa mbusie wanawe. Shangazi aliyenifunda mwambie mafunzo yake yamekaa, asiulize zaidi! Baba umwamkie kwa adabu zote, umsomee barua hii yote, usiruke kitu. Bunge la Hajia linafunguliwa mwezi ujao, kwa hiyo kabla mwezi huu haujaisha tutakuwa mlangoni kwenu, watu watatu na mfuko wa kola. Baba asipofungua, Hajia anasema ataketi barazani mpaka afungue, na mimi na Idrisa tutaketi naye.

Mwanao, mke wa mtu,
Salma